Talaka ya Bawabu

Manah, 9 Novemba 1997

Kwa mke wangu Kuruthum binti Hood,

Juzi imetimia miaka minne na miezi miwili tangu treni iliponitoa Tabora. Assalaam alaykum. Mimi mzima, isipokuwa mgongo, na habari za mgongo umeshazizoea. Nyinyi hali zenu? Goti la ami Hood limepungua uvimbe? Mpe shikamoo yangu kabla hujaendelea, maana najua barua zangu zinasomwa barazani baada ya alasiri, na baba yako ndiye anayekaa karibu nawe. Badria mbusu kwenye paji.

Barua yako ya Septemba niliipata. Nimeyasoma yote, na lile la Badria kumwita babu yake "baba", na lile la kwamba hutaniuliza tena siku ya kurudi. Jibu lake sina leo. Leo nina habari ya kukuchekesha.

Unajua niko Manah, karibu na Nizwa, tunautengeneza mtaa wa kale. Ni nyumba za udongo za ghorofa mbili, wenyewe walishahama, zimebaki popo na sisi. Kazi yangu ni kukanda udongo na makapi na kupaka kuta. Mwezi uliopita wakaja Waingereza kupiga picha ya sinema, hadithi ya msafiri wa Kizungu aliyefika huku zamani. Wakatuchukua sisi tuwajengee. Tukajenga ukuta mpya, tukaunyoosha, tukaufurahia, halafu tukaambiwa tuuchakaze mpaka uonekane wa miaka mia tatu. Hamoud, yule Mzanzibari ninayelala naye chumba kimoja, dereva wa lori la maji, akasema, "Wangekusimamisha wewe tu mbele ya kamera, Amur, ukuta usingehitajika."

Kati yao yuko mzee anaitwa Wilfred. Miaka sabini na moja, mrefu, mkavu kama mpapai dume. Kiswahili anakijua cha jeshini, alikuwa askari Nanyuki alipokuwa kijana. Siku ya kwanza alinikuta nimechuchumaa kwenye tope, akasema, "Jambo, fundi. Wewe nafanya ukuta. Mimi pia ni ukuta. Nasimama nyuma ya watu."

Ndiyo kazi yake, Kuruthum. Miaka arubaini na sita anacheza sinema na hajawahi kuwa stelingi hata siku moja. Amekuwa polisi anayeleta habari mbaya, mtumishi anayefungua mlango, padri, hakimu, jenerali wa Kirusi, na mara mbili Mwarabu wa kupakwa rangi. Amekufa mara thelathini na moja. "Bunduki, maji, sumu," alinihesabia kwa vidole, "na nyuki mara moja." Nikamwuliza, na stelingi je? Akasema, "Yeye hapana kufa. Mimi nakufa, yeye nakasirika, picha naendelea."

Watu wanamjua uso, hawajui wamemwona wapi. Sokoni Nizwa mtalii mmoja wa kwao alimsimamisha akamwuliza kama si yeye daktari aliyemng'oa jino. Mzee akasema ndiye, akamwuliza na yale mengine yanaendeleaje.

Sasa sikiliza. Katika hadithi yao mna bawabu Mswahili. Msafiri anapoondoka, bawabu anataka kumfuata, mkewe anamzuia mlangoni, bawabu anampa talaka palepale na kwenda zake. Mtu waliyemleta kutoka Maskati kwa kazi hiyo alishikwa na homa. Mzee Wilfred akaninyooshea kidole mimi, na tope mpaka viwikoni. "Chukua huyu. Uso yake iko na safari."

Mke wangu wa sinema alikuwa Reem, msichana wa chuo hapo Nizwa. Bibi yake alizaliwa Unguja, lakini Kiswahili chake yeye ni cha kuokoteza. "Ami," aliniambia, "mimi nitalia, wewe utasema ile maneno mzito, halafu utaenda. Usinikanyage nguo." Kwenye karatasi mke anaitwa Wadha. Nilitakiwa kusema tu, "Wadha, nimekuacha." Tulipojaribu nilisema kama ninaagiza mchanga. Wilfred akanivuta pembeni. Akaniambia kamera usiitazame, iko kama jua, iko tu. Mkono usiuache bure, upe kazi. "Na hapana sema na huyu msichana. Iko mtu nyumbani? Sema na ile mtu."

Basi nikashika ufunguo wa mlango, na siku hiyo, Alhamisi tarehe 30 Oktoba, nikasema, "Kuruthum, nimekuacha." Waingereza hawakujali, kwao Wadha na Kuruthum ni mamoja. Mkubwa wa picha akasema tena. Nikasema tena. Ikapita ndege juu ikatuharibia, akasema tena. Mara ya tatu pakawa kimya. Hata Reem alisahau kulia. Wilfred akanijia polepole akaniuliza, "Ile ya tatu wewe natoa wapi?" Nikacheka.

Hamoud akasema, "Hongera bwana. Umemwacha mkeo talaka tatu mbele ya Wazungu arubaini, na taa umewashiwa." Tulicheka mpaka chai ikapoa.

Mwambie Badria baba yake amekuwa mtu wa sinema. Wasalimie wote wanaoniulizia, na wasioniulizia pia.

Mumeo,
Baba Badria


Tabora, 4 Desemba 1997

Kwa Amur,

Assalaam alaykum. Sisi wazima. Goti la baba linaumia kwa sababu ya mvua. Mvua za mwaka huu hazina adabu, zimesomba reli, na barua yako imetufikia imelowa pembe moja. Bora ingelowa yote.

Nimeisoma barazani kama ulivyosema. Baba alicheka kwa lile jino. Kwa nyuki alicheka mpaka akakohoa. Nikaendelea. Wewe unajua ninavyosoma, macho yangu yanautangulia mdomo kwa neno moja tu, sikuona ninakokwenda. Na Maalim Nadhir alikuwepo, alikuja kuulizia mbegu za karanga. Nikasoma kwa sauti yangu mwenyewe, mbele ya baba yangu na mbele ya maalim aliyetufunga ndoa: Kuruthum, nimekuacha. Nimejipa talaka kwa mdomo wangu, Amur, kwa niaba yako.

Baba akaweka kikombe chini. Maalim akasema, "Rudia hapo." Nikasema sirudii. Akanyoosha mkono akaichukua barua.

Alilosema unalijua, tulifundishwa pamoja chuoni, mimi na wewe, na kiboko kikituangalia. Mambo matatu ukweli wake ni kweli na mzaha wake ni kweli: kuoa, kuacha na kurejea. Baba akamwuliza, hata kwenye mchezo wa Wazungu? Maalim akafikiri sana. Akasema mwenye kusimulia maneno ya mtu mwingine hahukumiwi nayo. Angesema Wadha, kama alivyoandikiwa, tungecheka tukaenda kuswali. Lakini jina la mkewe amelitia yeye mwenyewe. Basi imebaki nia yake, na nia haionekani kutoka Tabora.

Kwa hiyo anataka uandike na uape. Kama hukunikusudia hata mara moja, mimi ni mkeo na yameisha. Kama ulinikusudia mara moja, imekwenda moja, na unayo ruhusa ya kunirejea kabla eda haijaisha. Kama ulinikusudia zote tatu, hatuna tena la kuandikiana. Mpaka jibu lije mimi niko edani, tangu tarehe 30 Oktoba. Wewe ulikuwa unakunywa chai na Hamoud, mimi nimeanza kuhesabu siku zangu nyuma. Kesho kutwa Asya wa jirani anaolewa, siendi. Nimesema naumwa kichwa. Badria ameniambia, "Mama, kichwa chenyewe kiko wapi, mbona hujakifunga?"

Miaka minne hukututumia hata picha moja ya uso wako. Kumbe ulikuwa unawangoja Waingereza wakupige.

Sijui niweke nini hapa chini. Hili halifutiki kwa lolote:

Binti ami yako,
Kuruthum


Ibra, 28 Desemba 1997

Kwa mke wangu Kuruthum, na ninaandika mke makusudi,

Assalaam alaykum. Natumaini hamjambo na mvua imewapa nafasi. Mimi sijambo kwa kusema tu. Barua yako nimeisoma nimesimama, na tangu siku hiyo sijakaa. Nikikaa nasimama, nikisimama natoka, nikitoka nasahau nilikuwa nakwenda wapi. Jana nimepaka ukuta mmoja mara mbili.

Wametuhamishia Ibra, kwenye nyumba ya tajiri wa zamani. Ibra hii hii ya babu yetu. Nilikwambia mwaka wa kwanza nilivyokuja kuwatafuta jamaa, wakanipa kahawa na tende, wakanisikiliza kwa heshima, wakasema jina hilo kwao halipo. Sasa kila asubuhi napita mlangoni kwao na ndoo ya udongo. Wananisalimu vizuri sana.

Nilipopata barua yako nilimwambia Hamoud anipeleke Sur, picha yao ilikuwa inamalizikia huko baharini. Njia nzima alikuwa ananiangalia kwa jicho la pembeni. "Amur," akasema, "mimi nilikuwa nafanya mzaha." Nikamwambia na mimi pia. Akasema, "Sasa ndiyo hivyo, mzaha wako una hukumu, wangu hauna."

Mzee Wilfred nilimkuta amekwisha kufa mara ya thelathini na mbili. Alikuwa amelala kifudifudi kwenye maji ya kifundoni, mchanga masikioni, anangoja aambiwe ainuke. Alipoinuka nikamweleza. Mwanzo alidhani ni kichekesho. "Mimi naoa mara kumi na saba kwa sinema," akasema, "hakuna hata moja nafuata mimi nyumbani." Kisha akaniona usoni, akakaa kwenye kiti cha turubai, maji yanamchuruzika. Akasema, "Hii makosa yangu. Mimi nasema wewe, sema na mtu ya nyumbani. Kwa sisi hiyo ni kazi. Mimi hapana jua kwa nyinyi neno iko na meno."

Akanieleza habari ya mkewe. Alikuwa anakwenda kutazama kila picha aliyocheza mumewe, peke yake, hata ile ambayo unaonekana mkono wake tu ukifunga pazia. Akirudi husema, "Nimekuona. Umefanya vizuri." Miaka na miaka. Siku moja Wilfred alirudi kutoka safari ya mbali ya kazi, mkewe akamwambia, "Ile mpya nimekuona, umefanya vizuri." Na ile mpya, Kuruthum, walikuwa wamemkata kabisa. Hakikuwemo hata kivuli chake. Ndipo alipojua kwamba mkewe amechoka kumtazama na hana nguvu ya kumwambia. Hakuuliza. Alivaa koti akaenda kazini. Baada ya mwaka mkewe akahama. "Ningeuliza siku ile," aliniambia. "Mimi nacheza askari, hakimu, napiga watu maswali miaka yote. Moja hii hapana uliza."

Sasa jibu langu kwa Maalim, na aone mwandiko wangu: Wallahi, sikukukusudia hata mara moja katika zile tatu. Yalikuwa maneno ya bawabu. Jina lilinitoka kwa mazoea.

Na wewe pia umekosea. Ungeipitia kwanza barua peke yako kabla ya kuitangaza. Ungeruka mstari mmoja. Nani angejua?

Kurudi ni Mwenyezi Mungu akipenda, mambo yakikaa sawa.

Mumeo, na hilo lisome kwa sauti,
Baba Badria


Tabora, 22 Januari 1998, mwezi wa Ramadhani

Kwa Amur,

Assalaam alaykum na saumu njema. Sisi wazima, na wewe naomba uwe mzima. Reli imekatika tena. Simu ya dukani imekufa na mvua.

Jibu lako limefika. Maalim amelisoma mara mbili akasema kiapo kimetosha, Kuruthum ni mke wa Amur. Baba amechinja jogoo, tumefuturu naye. Asya amenipigia kigelegele dirishani kwake, tumbo limejaa uji. Badria ameuliza tunasherehekea nini, baba akamwambia, "Tunasherehekea baba yako kutokuwa na akili." Kwa hiyo kwa watu yamekwisha.

Barua hii haijasomwa barazani. Hakuna anayejua kwamba nimeiandika.

Ile ya tatu uliitoa wapi?

Umeandika ukurasa mzima wa mke wa Mwingereza na mistari mitatu yangu. Umejibu swali la Maalim. Swali la yule mzee hukulijibu, si kwake, si kwangu. Ulicheka tu, umeandika mwenyewe. Mimi nimekujua tangu unatembea bila suruali, Amur. Ulipouvunja mtungi wa mama ulianza na wallahi kabla hujaulizwa. Ukiwa mkweli huapi, unakuna shingo.

Sasa nikueleze jambo ili usije ukasema sikukueleza. Kama ile ya tatu ulinikusudia, imepita talaka moja tangu siku ile. Siku zangu ninazihesabu mwenyewe, hazihesabiwi na Maalim. Zinakwisha siku tatu nne baada ya Idi. Ningeweza kwenda posta nikakupelekea simu ya maandishi ikufike kesho, ukawahi kusema umenirejea, yakaisha. Sikutaka. Barua hii naitia kwenye sanduku la kawaida, na reli naijua ilivyo. Itakufika siku zimeshapita.

Nimefanya makusudi. Nataka jibu ambalo halitakupatia kitu. Ukiandika kwamba hukunikusudia, unaye mke, na sitakuuliza tena mpaka naingia kaburini, wallahi yangu mimi. Ukiandika kwamba ulinikusudia, huna mke. Hakuna neno la mdomo wako litakalonirudisha hapo. Itabaki posa mpya na nikahi mpya, na safari hii nitaulizwa, na nina ruhusa ya kukataa.

Yule mke wa mzee simlaumu. Lakini mimi siwezi. Sitasema nimekuona na sijakuona. Miaka minne nimesimama pembeni ya picha yako, sijui unacheza nini, nafunga pazia tu. Yeye mzee angalau aliandikwa mwishoni na jina lake.

Baba anakusalimu. Badria ameng'oka jino la mbele, amelificha, anasema atalionyesha kwa mtu maalumu.

Binti ami yako,
Kuruthum


Sur, 21 Februari 1998

Kwa binti wa ami yangu, Kuruthum binti Hood,

Leo ni miaka minne, miezi mitano na siku kumi na nne tangu nilipoondoka. Assalaam alaykum. Natumaini ami Hood anakanyaga vizuri na Badria hajalipoteza lile jino. Mimi afya ninayo.

Barua yako imenifikia juzi. Ilikwenda Manah, ikaenda Ibra, Hamoud ameniletea huku Sur, nilikohamishiwa kazi, chini ya kiti cha lori, ina alama ya kiatu. Idi ilikwisha pita wiki tatu. Nilihesabu kwa vidole, nikaenda dukani nikahesabu kwa kalenda ya ukutani, Mhindi akaniuliza kama natafuta siku yangu ya kuzaliwa.

Hamoud alijua kabla sijamwambia. Akanisomea uso wangu akasema, "Andika hukukusudia. Mke unaye, kadhi wako kasharidhika, jogoo kashaliwa. Unamtafuta nani na mwenge mchana?" Nikamwambia ameuliza yeye. Akasema, "Mwanamke akiuliza swali la namna hiyo anataka uongo mzuri." Nikamwambia, huyu humjui. Akatazama saa. Halafu akasema, "Basi andika upesi, lori lina safari ya Ashkhara."

Ile ya tatu niliitoa kwenye barua yako ya Septemba.

Ilikuwa mfukoni, ndani ya ile kanzu ya bawabu waliyonivisha. Mara ya kwanza nilikufikiria ili nipate huzuni, kama alivyonifundisha mzee. Mara ya pili nilikuwa nafikiria ufunguo. Mara ya tatu, wakati tunangoja ile ndege ipite, lilinijia neno lako kwamba hutaniuliza tena siku ya kurudi. Nikaona, kumbe hata kungojwa kwenyewe kumekwisha, na mimi bado nakubeba mgongoni kama mfuko wa saruji. Kila mwezi natunga sababu mpya. Kila Idi nasema Idi ijayo. Nikataka, kwa pumzi moja, niwe mtu asiyengojewa na yeyote. Asiye na tarehe. Asiye na haja ya kumweleza mtu kwa nini mjukuu wa Ibra anakanda udongo. Nikalisema neno nikijua ni wewe, nikitaka liwe.

Nikapata raha, Kuruthum. Sikufichi. Raha ya mtu aliyetua mzigo. Hiyo raha ndiyo waliyoiona wakanyamaza, walidhani ni uchezaji. Yule mzee peke yake ndiye aliyejua kuwa si uchezaji, ndiyo maana akauliza. Kisha nikaogopa, na hofu ilinitoka kwa kicheko. Na nilipokwisha kucheka nilikaa nikakuandikia, nikakuwekea jambo lenyewe katikati ya mzaha, kama mtoto anayeacha vigae vya mtungi pale pale mama atakapopita. Labda nilitaka ukanyage. Sijui. Elimu yangu ni darasa la sita, mambo ya moyo hatukuyafikia.

Nimekwenda kwa shekhe mmoja hapa Sur. Nimemweleza bila kupunguza. Akasema mbili za mwanzo ni za bawabu, ya tatu ni yako. Imepita moja, eda imekwisha, kwako sasa ni mwanamke kama wengine, ila ni binti wa ami yako. Na kiapo kile cha uongo kina kafara yake, nilishe maskini kumi. Sikwenda mbali. Kumi niliwapata chumbani kwangu na chumba cha pili.

Jambo jingine. Mzee Wilfred amenitumia kadi kutoka kwao, ina daraja kwenye mvua. Ameandika kwa kile Kiswahili chake, nadhani alikaa nayo siku nzima. Anasema picha imekwisha tengenezwa, ameiona. Bawabu wamemkata kabisa. Mlango umekatwa, Reem amekatwa, na yeye mwenyewe amebaki na kifo tu. "Lakini ukuta yako iko," ameandika, "iko muda mrefu, mzuri sana, kila mtu nasifu." Chini ameandika, "Pole rafiki. Mimi nakuona lakini. Nilikuwa pale."

Kwa hiyo hakuna sinema yenye talaka. Hakuna atakayeiona Maskati wala Ulaya wala Tabora. Imebaki kwangu na kwako.

Barua hii isome barazani baada ya alasiri. Maalim awepo, mwite kama hayupo. Ukifika penye ile ya tatu usipunguze sauti na usiruke mstari. Nilikosea kukwambia ungeruka. Ami Hood akinikasirikia, atakuwa na haki yake, na jogoo wake nitamlipa kwa jogoo.

Kafili wangu, yule mwajiri aliyenidhamini huku, nimeshamuaga. Ameniuliza kama ninakwenda likizo, nikamwambia ninakwenda kuposa. Akasema, mzee kama wewe? Ndege yangu inaondoka Maskati Jumatano tarehe 18 Machi. Kutoka Dar reli ikiwa imekatika nitapanda basi, na basi likikwama nitapanda chochote. Sitapita uani. Sitaita jina lako, maana nimeshalitaja vya kutosha. Nitakaa barazani upande wa wageni, nitamwambia ami kilichonileta, na nitakisema mara moja. Kisha wataingia ndani kukuuliza. Ukisema hapana, nitakunywa maji, nitaliona jino la Badria akikubali kunionyesha, na nitalala msikitini.

Hukuniuliza siku. Mimi nakwambia: Jumatatu tarehe 23 Machi, baada ya alasiri, nitapiga hodi.

Mwana wa ami yako,
Amur